Shahidi Asiyeulizwa

Ndugu zangu mliobaki chuoni, hasa ninyi wawili mnaofundisha somo langu sasa, mmenisumbua muda mrefu niwaandikie jinsi lilivyoanza. Haya, naandika. Ya vyeo sitagusa, maana pale kwetu vyeo vilikuwa vya kupokezana kama zamu ya kupika, na mshahara wa kanisa mnaujua wenyewe. Nitaandika kazi. Nitaandika pia habari ya Mama Domina, ambayo wengi wenu mmesimuliwa kama ushindi wangu mkubwa. Mimi nikiikumbuka uso unaniwaka, hata nikiwa peke yangu kibanjani napalilia migomba na hakuna anayeniona.

Nilifika chuoni mwaka wa sabini na nane, vita ya mpakani haijaanza, nikiwa na suti moja ya kaunda na kiburi cha kutosha wanaume watatu. Kipindi cha kwanza nilichopewa kilihusu dini ya Wayahudi katika siku za Bwana Yesu. Nikasimama nikawaponda Mafarisayo mwanzo hadi mwisho: wanafiki, watu wa sheria zisizo na huruma, wapenda viti vya mbele. Wanafunzi wakaitikia amina. Kwenye benchi la nyuma alikuwa ameketi Mchungaji Natanieli, mzee aliyekuwa akifundisha somo hilo kabla yangu, amekuja kunisikiliza. Nilipomaliza akaniuliza kwa upole kama nimewahi kusoma ukurasa mmoja, mmoja tu, ulioandikwa na hao ninaowasema. Nikajibu sijawahi. Akauliza tena kama ningependa watu wa Kaisho, nilikozaliwa, wahukumiwe kwa maneno ya majirani waliokosana nao. Darasa likaangua kicheko. Nilitamani ardhi ipasuke inimeze.

Baada ya kipindi alinichukua nyumbani kwake, akanipa chai, akanitolea kitabu kinene ambacho jalada lake lilikuwa limeng'oka, naye akakishonea kitambaa cha kaki kwa uzi wa magunia. Ilikuwa Mishna, kwa Kiingereza. Kwa msomaji asiye wa fani yetu niseme kwamba Mishna ni hukumu na mabishano ya marabi, yaani walimu wa Kiyahudi wa kale, yaliyokusanywa baada ya hekalu lao kubomolewa. Talmudi nayo ni mabishano ya waliokuja nyuma yao, wakibishana juu ya mabishano yale. Kiingereza changu kilikuwa cha kujikokota. Nilikuwa nasoma mstari, naenda kuchota maji, narudi kwenye mstari uleule. Lakini jambo moja lilinishika mapema: wale watu waliandika hata maoni ya aliyeshindwa, pamoja na jina lake. Kwetu aliyeshindwa barazani hutoka akaenda kwake, na hakuna anayekumbuka alisema nini.

Natanieli ndiye aliyenifundisha kuwaketisha wanafunzi wawili wawili. Kifungu kimoja, wanakisoma kwa sauti, mmoja anakitetea na mwingine anakishambulia, kisha wanabadilishana. Tabu yake mnaijua. Umwambie kijana wa Kinyambo ampinge mtu aliyemzidi umri! Wanaanza na shikamoo, wanaombana radhi, na mwisho wanakubaliana. Dawa niliyoigundua ni kumpa mkubwa upande ulio dhaifu, ili ashindwe bila kosa lake na mdogo asionekane mtovu wa adabu. Wakishaonja utamu huwatoi. Siku moja mfugaji aliyekuwa akipitisha ng'ombe wake nyuma ya darasa alisikia makelele, akaingia na fimbo aamulie ugomvi. Akakuta watu wanagombania fahali aliyempiga pembe ng'ombe wa jirani: nani alipe, na kama fahali alikuwa anajulikana kwa ukorofi. Akavuta kiti akakaa mpaka kengele. Alisema hao marabi lazima walikuwa na mifugo.

Vitabu vya kuwagawia wanafunzi hatukuwa navyo. Vifungu nilivitafsiri mwenyewe, nikavipiga taipu kwenye stensili, nikavitoa kwa mashine ya kudurufu ya kuzungusha kwa mkono. Ukikosea herufi unapaka dawa, unapuliza, unasubiri ikauke, unapiga tena. Mashati yangu yote ya miaka ile yalikuwa na wino kwenye mikono, na mama watoto alishachoka kusema. Natanieli alipostaafu na kurudi kwao upande wa Bukoba aliniachia kile kitabu cha kaki, nami nikabaki mtu pekee katika wilaya nzima, nadhani, aliyekuwa akila na kulala na marabi. Nilianza kuvimba kichwa. Nilidhani nimewaelewa.

Sasa nije kwa Mama Domina. Alikuwa mwanamke wa Kaisho, mwimbaji wa kwaya, mtu wa maneno machache. Mumewe Laurenti alikuwa amekwenda kuchunga ng'ombe wa tajiri mmoja kule Misenyi. Vita ilipoingia, ng'ombe walitekwa wakavushwa mpaka, na wachungaji wakaswagwa pamoja nao. Vita ikaisha. Wachache walirudi, Laurenti hakurudi. Hakuna aliyesema amekufa, na hakuna aliyesema yu hai. Mama Domina akalima mwenyewe, akalea binti yake mwenyewe, miaka ikapita.

Katikati ya miaka ya themanini akajitokeza Zakaria, seremala wa Mabira, mgane mwenye watoto wadogo, mtu safi kabisa. Wakaenda kwa wazee wa kanisa kuomba ndoa. Mwenyekiti wa baraza la wazee alikuwa Mzee Filemoni, aliyewahi kuwa karani wa mahakama, na ukarani haukumtoka. Akasema mke wa mtu ni mke wa mtu mpaka kifo kithibitishwe, na Torati inataka mashahidi wawili. Wakikaa pamoja bila ndoa, wote wawili watatengwa na meza ya Bwana. Mama Domina hakubisha. Alirudi kwake. Ila Zakaria alikuja kwangu chuoni, akakaa kwenye ngazi ya darasa, akaniuliza kama katika vitabu vyangu vyote hivyo hakuna mlango.

Mlango ulikuwepo, na nilikuwa naujua kwa moyo. Marabi walikutana na jambo hilihili: mume amesafiri, amepotea vitani au majini, mke amebaki. Wenyewe humwita mke wa namna hiyo aliyefungwa. Wakamhurumia. Katika jambo hili peke yake wakalegeza masharti: wakapokea shahidi mmoja badala ya wawili, wakapokea mwanamke, wakapokea hata mtu aliyesikia kwa mwingine. Hata mgeni asiye wa dini yao walimpokea, kwa sharti kwamba awe ameyasema mwenyewe katika mazungumzo, bila kuulizwa na bila kujua kuna kesi. Asiyejua maneno yake yanatakiwa kwa kazi gani hana sababu ya kumpendeza mtu. Nikayapeleka barazani. Wazee wengine wakanung'unika kwamba naingiza Mafarisayo kanisani, lakini Mzee Filemoni alisikiliza kwa makini, maana sheria ikitajwa masikio yake husimama. Mwishoni akanibana kwa kamba yangu mwenyewe.

"Sawa, Mwalimu. Tutampokea shahidi wako mmoja. Lakini asiulizwe. Tukisikia umemuuliza neno moja, kesi hii imekufa na usiilete tena."

Nikakubali kwa furaha. Kazi ikawa kumpata mtu ambaye siruhusiwi kumuuliza.

Kondakta mmoja wa mabasi ya Bukoba aliniambia kwamba Omurushaka, siku za soko, hufika wanunuzi wa ngozi, na baadhi yao ni wale walioswagwa vitani pamoja na ng'ombe. Biashara yao ilikuwa na magendo ndani yake, hivyo hata kama nisingekuwa na sharti lolote, kuwauliza maswali kungewafunga midomo. Wangedhani ni askari kanzu. Walikuwa wanakaa kwenye kilabu cha rubisi, pombe yetu ya ndizi, nyuma ya maghala ya kahawa. Basi, mimi mwalimu wa Biblia nikaanza kwenda kilabuni. Nilikuwa nakaa kwenye kona, nanunua kikombe, nasikiliza. Kikombe huwezi kukiangalia tu, watu watakushuku, kwa hiyo nilikuwa naonja. Nisiwadanganye, nilikizoea.

Haukupita muda nikaonekana. Mwanafunzi wangu mmoja alipita dirishani, tukatazamana, akainamisha kichwa akanipa shikamoo kwa sauti ya msibani, akaondoka. Jumapili iliyofuata habari ilikuwa imefika kila benchi. Mkuu wa chuo aliniita, akaniuliza kama nina shida nyumbani. Nikasema sina. Akauliza basi natafuta nini kilabuni. Sikuweza kumwambia, kwa sababu ningemwambia yeye angemwambia mkewe, na mkewe angelifikisha Omurushaka kabla yangu, shahidi akawa amejua.  Akaniondoa kwenye zamu ya kuhubiri. Mke wangu aliujua ukweli, lakini akaacha kwenda kwenye kikundi cha akina mama, maana walikuwa wanamwombea kwa sauti, jina langu likitajwa. Njiani nilikuwa nafuata vijia vya nyuma ya migomba nisikutane na watu. Sikuwa na pa kuuweka uso wangu.

Nikajifariji kwamba naaibika kwa ajili ya haki. Hilo lilinilewesha kuliko rubisi. Nilijiona mmoja wa wale walimu wa kale waliovumilia masimango. Mama Domina mwenyewe, tangu kesi ianze, sikuwa nimekwenda kumwona hata mara moja.

Siku ilifika. Ilikuwa mchana wa jua kali, watu wanalalamika joto. Mnunuzi mmoja wa ngozi, mtu mnene mwenye kofia ya sufi, akawacheka wanaolalamika. Akasema kwa Kinyambo kilichochanganyika na Kiganda kwamba jua wao hawalijui, wangejua kama wangetembezwa pamoja na ng'ombe wa vita bila maji.

"Yule Laurenti wa Kaisho, mwenye kigugumizi, jua ndilo lililomwua. Alikuwa anawaita ng'ombe kwa majina mpaka sauti ikakata. Tulimzika palepale, wakatusukuma tukaendelea."

Kisha akaomba aongezewe, akahamia habari ya bei ya ngozi.

 Jina, kijiji, kigugumizi, kaburi alilochimba kwa mikono yake. Hakuulizwa. Hakujua. Ilikuwa kama imeandikwa kwa ajili ya kufundishia. Niliweka kikombe chini kikiwa nusu, nikatoka nikakimbilia basi. Ndani ya basi nilikuwa nacheka peke yangu, na abiria wa pembeni akasogea, nadhani kwa sababu ya harufu.

Baraza lilikaa kanisani Kaisho. Meza ilikuwa mbele, wazee nyuma ya meza, Zakaria benchi la pili, Mama Domina benchi la nyuma kabisa pamoja na binti yake. Niliingia na kitabu cha kaki kwapani, nikitabasamu. Ndiyo, nikitabasamu. Nikaeleza kwanza kilabu, maana aibu yangu ilikuwa imepata cha kuifuta na nilitaka wote wasikie. Nikaona nyuso zinabadilika, mzee mmoja akatikisa kichwa kwa masikitiko ya kunidhania vibaya. Halafu nikaanza kujenga hoja, jiwe juu ya jiwe. Mzee Filemoni akahoji: Laurenti wangapi wako Kaisho? Nikajibu. Mwenye kigugumizi? Nikajibu. Shahidi alimwona akifa au alisikia? Alimzika. Ulimuuliza? Sikumuuliza neno lolote, mzee, naapa. Akageuka kulia na kushoto, hakuna aliyekuwa na swali. Akasema baraza limeridhika kwamba Laurenti amefariki na mama huyu yuko huru. Nikafunga kitabu kwa kishindo. Nakumbuka nilimgeukia Zakaria nikamkonyeza.

Ndipo Mama Domina akasimama kule nyuma.

"Mwalimu. Kwa hiyo amekufa."

Jamani. Ninyi mmekulia huku, mnajua habari ya msiba hufikishwa vipi. Anatafutwa ndugu. Anakwenda mtu mzima, bila haraka, anamkuta mama jikoni, anahakikisha amekula. Anazungumza mengine kwanza. Wanawake wawili wanakaa karibu yake kabla neno halijasemwa, na likishasemwa watu wote wanakaa chini, na anayefika baadaye haanzi na salamu, anaanza na pole. Mimi nilimtangazia mwanamke yule kifo cha mumewe kama mtu anayesoma matokeo ya mpira. Alikuwa ameomba ruhusa ya kuolewa, ndiyo, lakini miaka yote ile hakuna aliyekuwa amemwambia kwamba mumewe amekufa. Kila siku ya miaka ile huenda alikuwa anatega sikio njiani. Na mimi sikuwa nimelifikiria hilo kabisa. Nilikuwa nafikiria hoja.

Akaniuliza walimlaza upande gani. Akauliza walimfunika na nini. Akauliza ni mahali gani, kilima au bondeni, na kama alimtaja mtoto. Aliuliza taratibu, akisubiri jibu kila mara.

"Sikuuliza," nikasema.

"Hakuruhusiwa kuuliza, mama," Mzee Filemoni akanitetea. "Ndiyo sheria yenyewe."

Sheria haikunizuia chochote. Nilikuwa huru kumuuliza tangu alipofunga mdomo. Neno lilikuwa limeshatoka, ushahidi ulishakamilika. Ningeweza kukaa, nikamnunulia kikombe, nikamuuliza kutwa nzima. Marabi hawakunikataza. Niliondoka kwa sababu nilikuwa nimeshapata nilichokitaka. Nikasimama pale mbele na kitabu changu, na Mama Domina akamshika binti yake mkono wakatoka. Zakaria akawafuata. Ndani ya kanisa lile, wazee wote wale na mimi, hakuna aliyekuwa amesema pole.

Nilirudi Omurushaka siku ya soko iliyofuata, na nyingine, na nyingine, safari hii nikiuliza kila mtu waziwazi. Mwenye kofia ya sufi alikuwa amevuka mpaka, na wenzake hawakujua amekwenda wapi. Hakuonekana tena. Chuoni nilirudishwa kwenye zamu ya kuhubiri na mkuu akaniomba radhi mbele ya wanafunzi, akanisifu kwa uvumilivu. Nilisimama nikisifiwa huku jasho likinitoka. Wengi mliisikia siku ile, na ndiyo habari mnayoisimulia.

Kwa Mama Domina waliweka matanga bila mwili. Nilikwenda, nikakaa mbali na wanaume wengine, nikaondoka mapema. Sikuweza kumkaribia. Matanga yalipokwisha, ndoa ikiwa bado haijafungwa, nikamwona asubuhi moja amesimama kwenye mlango wa darasa langu, amevaa vitenge viwili na viatu vya kanisani. Alinisalimia kama kawaida, akauliza habari za nyumbani, kisha akasema nimpeleke Omurushaka. Nikamweleza kwamba yule mtu hayupo, nimemtafuta sana. Akasema anajua.

Tulikwenda kwa basi. Kuingia kilabuni na mwanakwaya mjane, mchana, mbele ya watu wanaonifahamu kuliko nilivyotaka, kulinitesa, lakini sikuwa na haki ya kulalamika. Mama mwenye kilabu akaniuliza kwa utani kama leo nimeleta mgeni wa kunilipia.  Mama Domina akaniambia nimwonyeshe alipokuwa amekaa yule mtu. Nikamwonyesha benchi, chini ya dirisha. Wanywaji wawili waliokuwa pale wakasogea.

"Sema alivyosema yeye," akaniambia. "Usiseme ulivyosema barazani."

Nikasema. Sikuwa na kitabu mkononi. Nilisema kwa Kinyambo, jua na ng'ombe na majina ya ng'ombe na sauti iliyokata, na jinsi walivyosukumwa wakaendelea. Nilipofika kwenye kuwaita ng'ombe, akasema, kama mtu anayezungumza na mwingine, kwamba Laurenti akiita ng'ombe alikuwa hagugumizi. Halafu akavua viatu vyake, akaviweka pembeni, akakaa chini kwenye sakafu ya udongo mbele ya lile benchi, akanyoosha miguu, akafunika kichwa kwa kitenge.

 Mmoja wa wale waliosogea akaweka kikombe chake chini, akavua kofia, akainama akasema, "Pole, mama." Akakaa kwenye sakafu. Mwenzake akafuata. Mama mwenye kilabu akatoka nyuma ya mapipa akifuta mikono, akasema pole, akakaa karibu yake bega kwa bega. Wabeba magunia, wanunuzi wa ngozi, mlevi mmoja ambaye nilikuwa sijawahi kumsikia akitoa neno la maana, wote wakafika mmoja mmoja wakasema pole, wakakaa, mpaka mabenchi yakabaki matupu na mimi peke yangu nimesimama.

Nikakaa. Nikasema pole. Nilikuwa wa mwisho.